Chupa Nyeusi Kando ya Chumvi

Hakuna mwanamke kando ya mfereji wa Zuidermond aliyejua kupika viazi kumshinda Aaltje. Haya, kiazi ni kiazi: unakimenya, unakitia majini na chumvi, unangoja. Hata jogoo angeweza, angepewa mikono. Lakini sifa ni sifa, na Aaltje aliivaa yake kama wenzake wanavyovaa mkufu kanisani. Saa kumi na mbili ya jioni ikigonga, si kabla wala si baada, sahani zilikuwa mezani: viazi, mboga iliyochemshwa hadi ikasahau jina lake, kipande cha nyama, na katikati ya viazi kishimo kilichobonyezwa kwa mgongo wa kijiko ili rojo ya siagi ipate pa kutulia.

Mumewe, Wubbe, alikuwa mtu wa viazi tangu utosini hadi unyayoni. Alizaliwa katikati ya mashamba ya viazi, akafanya kazi katika kiwanda cha wanga, kule ambako viazi huingia na matope yake vikatoka unga mweupe na shira nzito ya kutengenezea peremende, na jioni akarudi nyumbani kula viazi. Kwa hiyo siku alipoambiwa aache wanga, ilikuwa kama kumwambia mchungaji aache Jumapili.

Aliyemwambia ni daktari mpasuaji, bwana mmoja mwenye vidole virefu na haraka nyingi.

"Nyonga hii imekwisha kazi, Bwana Wubbe. Tunakuwekea mpya. Lakini kwa sukari hii uliyonayo, sikukati. Kidonda hakitafunga. Acha wanga, ishushe kwanza. Utapimwa tena kabla ya Sinterklaas, sikukuu ya zawadi ya mwanzoni mwa Desemba. Ikishuka, unaingia mara moja. Isiposhuka, jina lako linarudi mkiani mwa foleni."

"Foleni ni ndefu?" Aaltje aliuliza.

"Kama mfereji wenu, mama."

Wubbe akaupiga mkongojo wake sakafuni. "Mimi leteni kisu hata leo! Siogopi kitu."

Alilisema hilo kwa daktari, akalirudia kwa mwanamke wa mapokezi, na njiani akalirudia kwa Aaltje mara nyingi kiasi kwamba Aaltje alifungua redio ya gari.

Shida yenyewe haikuwa maumivu tu. Ngazi za nyumba yao, kama za nyumba zote za huko, zilisimama wima kama za kupandia juu ya paa, na Wubbe hakuweza tena kuzipanda. Basi kitanda chake kilishushwa sebuleni, mbele ya dirisha kubwa linalotazama barabara. Na pazia? Pazia lilikuwepo, ila la urembo. Zuidermond mtu hafungi pazia. Mwenye kufunga pazia ana la kuficha, ndivyo walivyolelewa. Kila aliyepita na mbwa wake alimwona Wubbe amelala, akampungia mkono, naye Wubbe akapunga kama mfalme aliyepinduliwa lakini bado hajahamishwa. Aaltje alimvalisha shati na tai kila asubuhi, juu ya suruali ya kulalia, maana dirisha lilionyesha kuanzia kifuani.

Mbele ya kitanda, juu ya runinga, ilikuwepo picha ya Roelf, kaka yake Wubbe, akicheka. Roelf naye aliingia hospitali kwenda kutengenezwa nyonga, akiwa na kofia yake na gazeti lake. Alitoka amebebwa na wanaume sita. Jambo hilo halikuzungumzwa nyumbani. Picha ilipanguswa vumbi kila Ijumaa, basi.

*

Hilje, binti yao wa pekee, alikuja kutoka mjini na karai kubwa jeusi chini ya kwapa na mfuko wa mboga. Alikuwa amekaa mjini muda wa kutosha kuamini kwamba chakula huiva kabla mtu hajamaliza kukiombea.

"Sogea, Mama. Tazama. Humu hakuna kiazi, hakuna wali, hakuna tambi."

"Kuna nini sasa?"

"Nyama ya ng'ombe, kabichi, pilipili hoho, uyoga, brokoli. Tangawizi na kitunguu saumu."

"Hivyo ni vya pembeni. Chakula chenyewe kiko wapi?"

"Ndicho hicho, Mama."

Aaltje alichungulia tena ndani ya mfuko, kama mtu anayetazamia mgeni aliyechelewa.

Hilje alikata nyama vipande vyembamba, kinyume cha nyuzi, akamwonyesha mama yake kwa nini: ukifuata nyuzi unatafuna hadi kesho. Akaweka karai kwenye moto mkali mpaka likaanza kutoa moshi. Mafuta. Nyama kidogo kidogo, isirundikane, maana ikirundikana inatoa maji na kuchemka badala ya kukaangika. Ilipobadilika rangi akaitoa. Zikaingia mboga ngumu, kisha laini, huku mwiko ukizipindua bila kupumzika. Nyama ikarudi juu. Akazima moto.

"Basi," alisema.

"Basi vipi? Mfuniko?"

"Hakuna mfuniko."

"Maji je?"

"Hakuna maji."

"Hilje, nyama ya ng'ombe inataka alasiri nzima. Bibi yako alikuwa anaibandika kabla ya ibada, anaikuta baada ya ibada, na bado anaiacha."

"Na Bibi alikuwa anaipika mpaka unaweza kuinywa kwa mrija."

Hapo king'ora cha moshi kikaanza kulia darini, na sauti ya Wubbe ikatoka sebuleni: "Nimesikia! Nakuja mezani! Hamna haja ya kunipigia kengele!"

Alikula. Mke na binti wakamtazama mdomo.

"Kitamu, Baba?"

"Sungura angefurahi sana."

"Baba!"

"Nimesema angefurahi. Hilo ni tusi?"

*

Hilje aliporudi mjini, Aaltje akabaki na karai, na karai likabaki na Aaltje, wakitazamana kama mawifi. Siku ya kwanza alitia siagi badala ya mafuta, akarundika nyama yote pamoja, akaongeza kikombe cha maji kwa huruma, akafunika kwa mfuniko wa sufuria nyingine. Kilichotoka kilikuwa na rangi ya kijivu ya anga ya Novemba. Wubbe alikula bila kulalamika, na hilo ndilo lililomuuma Aaltje. Mume anayelalamika bado ana matumaini.

Siku iliyofuata alifuata maagizo. Alifungua mlango wa nyuma ili king'ora kisimtangaze, akaacha karai likasirike, akatia nyama kidogo kidogo. Ikakaangika vizuri, na kabichi ikabaki na mlio wake chini ya meno. Lakini ilikuwa kavu. Mtu aliyekula rojo maisha yake yote, unampaje sahani isiyo na rojo? Na rojo utaitia wapi, kama hakuna kiazi cha kuchimbia kishimo?

Hapo mkono wake ukaenda wenyewe mahali ulipozoea kwenda. Kando ya kopo la chumvi, tangu siku alipoingia nyumba hiyo kama bibi arusi, ilikaa chupa nyeusi ya ketjap, sosi ya soya. Walioileta nchini ni watu waliorudi kutoka visiwa vya mashariki, enzi za wazee, na tangu hapo haikutoka kabatini mwa mtu yeyote, tajiri wala fukara, na hakuna aliyeiuliza habari zake. Ilikuwa nyeusi, ilikuwa nzito, ilikuwa ya kutilia kwenye nyama, na ilikaa na chumvi. Kwa Aaltje basi ilikuwa namna ya chumvi. Sukari, kwake yeye, ni kitu cheupe kinachokaa bakulini karibu na kahawa, na bakuli hilo alikuwa ameshalipandisha juu ya kabati na kulifunika kwa kofia ya Pasaka.

Akamimina akizungusha, mzunguko baada ya mzunguko. Nyama ikang'aa kama viatu vya mazishi.

Wubbe aliweka uma wa kwanza mdomoni, akatulia. Akatafuna polepole. Akaweka uma chini.

"Umetia nini humu?"

"Kwani kibaya?"

"Nimeuliza tu."

"Ile chupa. Si unaijua? Ketjap."

Wubbe alimtazama mkewe, akaitazama chupa kule jikoni kupitia mlango uliokuwa wazi, akamtazama tena mkewe. Kisha akauchukua uma wake.

"Kitamu sana leo," alisema. "Ilete hapa mezani. Ongeza kidogo."

Aaltje nusura alie. Kuanzia hapo karai halikulala. Kila jioni saa kumi na mbili kengele ikigonga, nyama ya ng'ombe na mboga zilikuwa mezani, na chupa kando yake, na kila jioni Wubbe aliinyoosha sahani yake: "Ongeza kidogo, Aaltje." Jirani yao wa ng'ambo ya barabara, Fenna, alikuja kuomba maelezo ya mapishi. Aaltje alimpa, akaficha tangawizi.

*

Muuguzi wa sukari pale kwa daktari wa kijiji aliitwa Renske. Aaltje ndiye aliyemfundisha nyimbo za shule ya Jumapili, na siku moja alimtoa nje kwa kutafuna chingamu. Sasa Renske alikuwa na kompyuta, na mezani kulikuwa na kisanduku cha karatasi laini kwa ajili ya wanaolia.

"Haijashuka," Renske alisema. "Imepanda kidogo."

"Mashine yako imeharibika."

"Tumepima mara mbili, Bi Aaltje. Hebu niambie, jioni mnakula nini?"

Aaltje alikaa wima, akakariri kama katekisimu: nyama ya ng'ombe kinyume cha nyuzi, kabichi, hoho, uyoga, brokoli, moto mkali, bila mfuniko, bila kiazi hata kimoja, hata kwa bahati mbaya.

"Vizuri kabisa," Renske alisema, na alionekana kushangaa kweli. "Na ndani yake mnatia nini? Mchuzi wowote wa chupa?"

Aaltje akafungua mdomo. Lakini Wubbe alimtangulia.

"Chumvi na pilipili manga. Mke wangu si mpishi wa vichupa."

Aaltje akaufumba mdomo. Tangu waoane, Wubbe hakuwahi kumsifu mbele ya watu, na sifa ya kwanza haisahihishwi. Isitoshe, chupa moja si vichupa. Akaiacha ipite.

Renske akaandika kitu, akavuta kiti chake mbele. "Basi Bwana Wubbe, nitauliza bila kuzunguka. Kuna kitu unakula pembeni?"

"Mimi? Kufika chooni tu ni safari ya nusu saa. Pembeni ipi?"

"Wazee wana mbinu. Nimekuta chokoleti ndani ya Biblia."

Mlango ulikuwa haujafungwa vizuri, na chumba cha kungojea kilikuwa kimejaa. Walipotoka, kila mtu mle ndani alikuwa ghafla anasoma gazeti, na mmoja alikuwa amelishika juu chini.

"Kimebaki kipimo kimoja," Renske alimnong'oneza Aaltje koti likivaliwa. "Kikija hivi, jina linarudi nyuma. Atakaa dirishani majira yote ya baridi. Mwangalie, mama."

*

Aaltje akamwangalia. Alianza na godoro.

"Nyanyua mguu."

"Unatafuta nini?"

"Wewe unajua. Nyanyua na mwingine."

Alipata miwani iliyopotea tangu masika, kifungo, na kalamu ya kiwandani. Akahamia kwenye koti la suti. Katika mfuko wa ndani vidole vyake vikagusa kitu kidogo, cha mviringo, kimegandana na leso.

"Ahaa! Hii nini?"

"Peremende ya kanisani."

"Umekamatwa, Wubbe!"

"Ni ya mazishi ya Roelf, Aaltje. Ulinigawia wewe, wakati wa mahubiri. Sikuila."

Aaltje aliitazama ile peremende. Ilikuwa imegeuka manjano. Akairudisha mfukoni ilimokuwa, akapiga mfuko kofi dogo kuunyoosha. Lakini hakuiacha kesi. Alivuka barabara, akamwambia Fenna: "Jirani, mimi nikienda dukani, wewe nitazamie huyu mzee. Pazia liko wazi."

Fenna, ambaye alikuwa akimtazama bure miaka yote, alifurahi kupewa cheo.

Kisha ikaja siku ya kuzaliwa ya Fenna mwenyewe. Viti vilipangwa duara kufuata kuta, na kila aliyeingia alizunguka duara zima akimpa mkono kila mtu: hongera kwa ajili ya Fenna, hongera kwa ajili ya Fenna, hata kwa mtu ambaye uhusiano wake na Fenna ni ugomvi wa uzio. Wubbe aliletwa kwa kiti cha magurudumu, akaegeshwa kati ya mtungi wa maua na shemeji wa Fenna. Keki ikaanza kuzunguka. Ilikuwa keki ya tufaha, na ilipofika kwake, Wubbe hata hakuwa amenyoosha mkono.

"Huyo asipewe!" Aaltje alisema kutoka upande wa pili wa duara. Alikusudia kusema kwa sauti ya chini, lakini alikuwa mwimbaji wa kwaya. "Mwizi wa sukari, huyo! Analishwa vizuri nyumbani, halafu anakula kwa siri. Muuguzi mwenyewe kasema."

Vijiko vikasimama. Shemeji wa Fenna akasogeza sahani yake mbali na Wubbe, taratibu, kama mtu anayehamisha mkoba mbele ya mgeni asiyemjua.

"Sijala kitu, Aaltje," Wubbe alisema.

"Sukari inapanda yenyewe? Inapanda ngazi?"

"Naapa mbele ya wote hawa. Tangu karai lile liingie nyumbani, sijatia mdomoni kitu ambacho mke wangu hakunipikia kwa mikono yake."

Alisema polepole, macho yakitazama magoti yake, na wanawake wawili walimwonea huruma waziwazi. Fenna alimletea vipande vya jibini na kachumbari ya tango kwenye kisahani cha mtoto. Wubbe alivila kimoja kimoja, na duara zima likimhesabia. Walipomsukuma kuvuka barabara, hakusema neno. Hakusema usiku, wala asubuhi. Jioni tu, kengele ilipogonga, aliinyoosha sahani: "Ongeza kidogo."

*

Jumapili Hilje alikuja. Baba yake alikuwa akitazama mashindano ya kuteleza kwenye barafu, sauti imefunguliwa hadi mwisho, kwa hiyo Hilje akasimama jikoni na kumtazama mama yake akipika.

"Mama, umekuwa fundi! Moto vizuri, nyama vizuri... Ngoja. Ngoja! Hiyo nini?"

"Ketjap."

"Unatia kila siku?"

"Sasa nitie maji ya kanisani? Baba yako anaipenda."

"Kiasi hicho?"

"Hiki ni cha kuanzia. Anaongeza mezani."

Hilje akainyakua chupa, akaigeuza, akasoma mgongo wake. Uso wake ukabadilika. "Mama. Zaidi ya nusu ya chupa hii ni sukari."

"Acha upuuzi. Inakaa na chumvi."

"Soma mwenyewe."

"Sina miwani."

"Miwani iko puani, Mama."

Aaltje akasoma. Akasoma tena, akakwaruza karatasi ya chupa kwa ukucha, kana kwamba maandishi yangehama. Kule sebuleni mtangazaji alikuwa akipiga kelele kwamba kuna mtu ameanguka.

"Ni mimi," alisema.

"Hukujua."

"Nimemwita mwizi, Hilje. Kwa Fenna. Mbele ya duara."

"Basi utamwambia hukujua, utamwomba radhi, yataisha. Mwambie leo."

"Nitamwambia."

"Leo, Mama."

"Nimesema nitamwambia! Mimi si mtoto."

Kesho yake alienda dukani mwenyewe, akanunua ketjap ile nyingine, ya chumvi, isiyo na sukari hata chembe. Aliporudi alisimama mbele ya sinki na kuimwaga ile ya zamani. Ilitoka polepole, nzito, kama mpangaji asiyetaka kuhama. Akaiosha chupa kwa maji ya moto, akaikausha, na kwa kutumia kifaneli cha kujazia jemu akaijaza ile ya chumvi. Chupa ileile, mahali palepale, kando ya chumvi. Hakuna atakayeaibika. Sukari itashuka yenyewe kama ilivyopanda, kisu kitakuja, na siku ya kupasuliwa, Wubbe akishachomwa sindano ya usingizi na macho yamelegea, hapo ndipo atamwambia. Kusema atakuwa amesema. Kusikia ni juu ya mwenye masikio.

*

Jioni hiyo alipika kama ambavyo hakuwahi kupika kabla. Nyama ilikuwa laini, tangawizi ilinukia hadi barabarani, na brokoli ilibaki kijani kibichi. Kengele ikagonga saa kumi na mbili. Nje, Fenna alikuwa akimtembeza mbwa wake kwa mwendo wa mtu mwenye cheo.

Wubbe alitia uma mdomoni, akatafuna, akatulia.

"Ongeza kidogo," alisema.

Aaltje akamimina. Ilitoka haraka, nyepesi, ikakimbilia ukingoni mwa sahani. Wubbe aliitazama ikikimbia. Akachovya ncha ya kidole, akailamba.

"Hii siyo."

"Siyo nini?"

"Siyo ile. Hii ni chumvi na maji."

"Chupa ni ileile, si unaiona?"

"Chupa naiona. Nauliza kilichomo." Uso wake ulikuwa umeanza kuiva. "Tangu lini unapika na hii?"

"Kula, Wubbe, chakula kinapoa."

"Siwezi kula hii! Aaltje, ukinipikia na hii, sukari yangu itashuka!"

Lilimtoka kama chafya, na kama chafya halikurudishika. Aaltje, ambaye siku nzima alikuwa amejiandaa kukamatwa yeye, ambaye alikuwa na maneno ya toba yamepangwa chini ya ulimi, aliyaacha hapohapo.

"Ishuke?" alisema. "Si ndiyo tunayotaka, ishuke?"

"Ndiyo. Ndiyo, ndivyo nilivyosema."

"Sivyo ulivyosema."

"Nilikuwa na chakula mdomoni."

"Nani alikwambia ile ya zamani ilikuwa inaipandisha?"

"Hakuna."

"Hilje?"

"Hilje hajasema kitu."

"Maana mimi mwenyewe nimejua jana, Wubbe. Jana! Nimelala macho wazi kwa ajili yako."

Wubbe aligeuza uso dirishani. Fenna alikuwa amesimama palepale, mbwa amekaa, akawapungia mkono. Wubbe akainua wake, kwa mazoea, na tai yake, na jasho lake. Hakuwa na pa kuweka uso wake.

Aaltje akainuka. Akaenda dirishani, akashika pazia kwa mikono miwili, akavuta. Pete zilikuwa hazijasogea tangu zitundikwe. Zilipiga kelele kama nguruwe, na vumbi likamwagika juu ya maua. Kitu cha mwisho alichokiona ni Fenna, mkono bado uko hewani, mdomo wazi. Kisha sebule ikawa na giza kidogo, na ikawa yao.

"Haya. Hakuna anayetuona. Tangu lini?"

"Uma wa kwanza." Wubbe alisema kwa sauti ambayo haikuwa ya leteni kisu. "Nimepika shira kiwandani miaka yote ile, Aaltje. Nitakosa kuijua?"

"Na ukaomba niongeze."

"Niliomba."

"Na ukakubali kuitwa mwizi."

"Mwizi anakaa hai."

Wubbe alikuwa akiitazama picha iliyo juu ya runinga. "Roelf sukari yake ilikuwa nzuri," alisema. "Walimsifu sana kwa sukari yake."

Aaltje akaketi ukingoni mwa kitanda, upande wa nyonga nzima. Akaisogeza sahani karibu, akamweka uma mkononi, akavifunga vidole vyake juu yake.

"Kesho napika na hiihii," alisema. "Na keshokutwa. Itashuka, na watakukata, na mimi nitakaa mlangoni na mwiko. Anayekuletea la Roelf atapita juu yangu. Kula."

Alikula. Polepole, bila kunyoosha sahani. Aaltje alimtazama hadi kipande cha mwisho cha hoho, kisha akakumbuka jambo, na nyusi zake zikapanda.

"Wubbe. Ile siku kwa Renske. Alipouliza kuhusu mchuzi, wewe ulirukia: chumvi na pilipili manga. Mke wangu si mpishi wa vichupa."

"Ndiyo."

"Mimi nikadhani unanisifu."

Wubbe alikwaruza sahani ambayo haikuwa na kitu cha kukwaruza.

"Nilikuwa nakusifu pia," alisema, na hata Roelf, kule juu ya runinga, alionekana hakuamini.